Dairekta na Kilio cha Kweli

Kuna mwanamke tuliyemfanya mjane, Temeke, saa nne asubuhi, kwa kamera mbili na turubai la kukodi. Hatukumkusudia. Hata jina lake hatukulijua. Marehemu mwenyewe alikuwa mtu wa kwenye karatasi, marehemu wa filamu. Lakini yule mama alikuja, akakaa jamvini, akamlilia mume wake wa kweli, akaondoka kabla hatujamwambia mtu yeyote kwamba tunaigiza. Dairekta alikuwa dirishani anatazama. Alijua kwamba majirani waliokuja si wa kwetu, na hakusema "kata".

Naanza na hilo kwa sababu ndilo lililotukwamisha miaka sita, na kwa sababu dairekta mwenyewe, ukimwuliza habari za kazi yake, atakueleza kila kitu isipokuwa hilo.

Mimi ndiye niliyekuwa na daftari. Kwenye kazi yetu lazima awepo mtu wa kukumbuka: chai ilifika wapi kwenye kikombe, kifungo kipi cha shati kilikuwa wazi, mtandio ulikaa bega gani, ili picha ya leo ishikane na ya juzi. Nimeifanya kazi hiyo chini ya dairekta huyu kwa miaka kumi na saba. Najua anavyokohoa akitaka kusema uongo. Naweza kusema bila kusita kwamba sijakutana na binadamu anayechosha kama yeye, na akinipigia simu kesho nitakwenda.

Kwanza, haonekani. Kama una televisheni nyumbani, basi umetazama tamthilia zake, ila jina lake hujaliona. Mwishoni yanapita majina ya waigizaji, ya mpambaji, ya mwenye nyumba tuliyoiazima, ya mwenye gari jeupe, hata la mama aliyetupikia pilau. La kwake anaagiza lifutwe. Nilimwuliza sababu.

"Dada," akanijibu, "majina yakianza kupita watu wanaenda kuepua ubwabwa. Unataka nigombanie nafasi na ubwabwa?"

Nilicheka. Baadaye muigizaji mmoja alihojiwa redioni akasema yeye ndiye aliyeiongoza tamthilia yetu iliyopendwa kuliko zote. Tulikuwa tumekaa wote tunasikiliza. Dairekta aliinuka, tukadhani anakwenda kuizima ile redio. Aliongeza sauti.

"Anajieleza vizuri," alisema. "Ningekuwa mie ningebabaika."

Wala kiti hana. Madairekta wengine wana kiti chao na mtu wa kukibeba. Huyu hujibanza mahali ambapo kamera haifiki, na kiskrini chake kidogo mapajani: chini ya meza, nyuma ya friji, ndani ya bafu kavu. Kuna nyumba Mikocheni tuliyopewa na mzee mmoja wa Kihindi mwenye duka la vitambaa. Dairekta alishinda ndani ya kabati la nguo la mzee yule, mlango ameuacha wazi kidogo. Jioni mwenye nyumba akarudi, akaenda moja kwa moja kutundika koti lake, akakutana na mtu.

"Wewe nani?"

"Shikamoo, mzee. Tundika tu, hanga ipo hapa," dairekta akamwambia, akampokea koti.

Mzee yule alitusamehe. Mimi ndiye niliyeandika barua ya kuomba radhi, kama kawaida. Barua za kuomba radhi kwa niaba yake nimeziandika nyingi mpaka kompyuta yangu imekariri maneno.

La pili ni uongo wake wa kila siku. Anao mmoja tu, ila anautumia kwa bidii: "Ya mwisho hii." Muigizaji amelia, amerudia, amelia tena, macho yamevimba, na yeye anatoa kichwa kwenye maficho yake na kusema kwa upole, "Ya mwisho hii." Sisi tuliozoea tunajua ipo ya mwisho, ipo ya mwisho kabisa, na ipo ya mwisho haki ya Mungu, na hiyo ya tatu ndiyo anapoanza kazi. Muigizaji mmoja mwenye jina kubwa aliwahi kumtupia kiatu. Dairekta alikitazama kile kiatu, akamwuliza mpiga picha, "Hicho umekipata?"

Hao wenye majina makubwa huwapiga maneno bila huruma. "Sista, uso wako unajua jibu kabla hujaulizwa. Uambie usubiri." Lakini watu wa kujaza picha, wale wanaokaa nyuma kama wateja au abiria, huwahudumia kama wageni wa harusi. Kila mwenye umri kidogo lazima apewe shikamoo yake kabla hajaonyeshwa pa kukaa. Ukiwa na watu arobaini na jua linakwenda, shikamoo hizo zinatosha kukutoa machozi.

Na waigizaji wote, wakubwa kwa wadogo, huwafundisha jambo moja kuhusu kulia. "Usinililie," husema. "Zuia. Nataka nikuone unavyoshindwa kuzuia."

Mitaani napo ana mambo yake. Tulikuwa tunapiga picha Temeke, nyumba ya pili wamefungulia singeli hadi vikombe vinatetemeka. Nikataka kwenda kuwaomba wapunguze. Akasema niache, anakwenda mwenyewe. Nusu saa nzima hatumwoni. Nilipomfuata nilimkuta katikati ya duara, mtu wa miaka karibu sitini, anacheza na vijana wanampigia kelele, "Mzee baba! Mzee baba!" Muziki ulizimwa, ni kweli, na vijana wale wakaja kutushikia taa hadi tukamaliza. Lakini nusu saa ya jua ilikuwa imekwenda, na nilipomwambia alisema, "Dada, ungeniona lakini nilivyowafunika."

Sasa nije kwenye filamu.

Tamthilia zote alizoongoza zilikuwa za wenzake. Filamu hii ndiyo pekee niliyomsikia akiiita yangu. Kisa chake ni chepesi: mume anayeitwa Salum anaaga kwamba anakwenda kutafuta kazi, anapotea, na baada ya miaka mingi inakuja habari kwamba amekufa. Mke anamwekea matanga mtu ambaye hata sura yake ameanza kuisahau. Nafasi ya mke alipewa mama mmoja ambaye tangu siku hiyo tulimwita Bi Mjane. Alikuwa ameigiza zaidi ya miaka thelathini, daima jirani, mpishi, mama mkwe mkorofi, mtu anayepita nyuma na sufuria. Hii ilikuwa mara yake ya kwanza kisa kuwa chake.

Kibali tulikuwa nacho. Mwenyekiti wa mtaa alikuwa amekubali kuwatangazia majirani, kisha akaitwa kwenye kikao, asiwatangazie. Dairekta alilijua hilo asubuhi. "Tutawaambia wakija," alisema.

Watu wa Dar hawahitaji kuelezwa kilichofuata. Turubai lililetwa na guta lile lile linalopeleka maturubai kwenye misiba, na jamaa yule yule. Viti vya plastiki vikapangwa. Hakuna muziki, ni asubuhi, siku ya kazi. Pale Temeke mtu akiona hivyo haulizi. Anajifunga kanga, anakuja, anakaa. Nani amekufa atajua akishakaa.

Tulikuwa tumeita wanawake kumi na wawili wa kukaa na Bi Mjane barazani. Kufika saa nne walikuwa wanapita arobaini. Mmoja ameleta sufuria ya maharage. Mwingine yuko uani, kisu mkononi, anamenya vitunguu na anauliza mafuta yako wapi. Nilikimbilia dirishani.

"Dairekta, hawa si wa kwetu."

"Nimeona. Nyamaza."

"Hawajaambiwa!"

"Najua, dada." Kisha akamgeukia mpiga picha. "Usizime."

Hapo ndipo alipoingia yule mama. Umri wa miaka arobaini hivi, mtandio wa zambarau, miguuni ndala. Alisimama kidogo mlangoni, akasikia wanawake wanavyonong'onezana kwamba marehemu ni Salum, aliondoka nyumbani miaka mingi, amerudi jina tu. Salum, jina ambalo kila mtaa una watano. Yule mama alikwenda kukaa ubavuni mwa Bi Mjane, akaweka mikono kichwani.

"Salum, si ulisema utarudi? Si uliniambia nisihame, utanikuta hapo hapo?"

Kisha akamwinamia Bi Mjane. Maikrofoni ilikuwa kwenye kanga ya Bi Mjane, kwa hiyo kila neno tunalo.

"Na wewe alikuacha lini, mwenzangu?"

Bi Mjane alidhani ameletewa muigizaji hodari ili ashtuke. Ilikuwa tabia ya dairekta kufanya hivyo. Akajibu kama mjane wa kwenye filamu.

"Mwaka wa nane huu."

Yule mama akatikisa kichwa. "Basi alianza kwangu."

Akamshika mkono, wakalia wote wawili. Nilikuwa na kalamu, na sikuandika kitu.

Dairekta aliwaacha hivyo kama dakika saba. Kisha akatoka dirishani, akaenda kusimama chini ya turubai, akawaambia majirani ukweli. Mzee mmoja, mstaafu wa bandarini, nyumba ya jirani kabisa, ndiye aliyesimama kwanza.

"Yaani maiti hakuna?"

"Hakuna, mzee wangu. Shikamoo. Naomba—"

"Shikamoo yako kaa nayo! Watu wazima tumeacha shughuli zetu tuje kumzika nani, wewe bwana?"

"Na vitunguu vyangu nimeshakata!" alipiga kelele yule mama wa uani.

Iliisha kwa watu kula maharage na kucheka, maana hasira za Temeke zikishapewa chakula hazikai. Lakini mama wa mtandio wa zambarau hakuwepo. Alikuwa ameshaondoka kabla ya tangazo. Bi Mjane alikuwa anafuta uso anauliza, "Yule dada mliyemkalisha na mie mmemtoa wapi? Jamani, anajua yule!"

Nilimfungulia daftari: kwenye orodha ya wale kumi na wawili hakuwamo.

Filamu ilihaririwa, ikakamilika, na dairekta akakataa kuitoa. Kituo kimoja cha televisheni kiliiomba mara tatu. Akajibu bado. Nikamwambia amkate yule mama. Alimkata, akanionyesha, na ni kweli filamu ilikufa pale pale. Nikamwambia basi amrudishe, aitoe. Hapo ndipo aliponieleza.

"Nikiitoa atajiona. Atajua mbele ya nchi nzima kwamba alimlilia mumewe kwenye mchezo wetu. Nimwambie kwanza mie mwenyewe, uso kwa uso. Akisema itoke, itoke. Akisema isitoke, naifuta."

"Haya ungeyaona dakika saba mapema."

"Ndiyo," alisema.

Basi. Hilo "ndiyo" lake linakera kuliko ubishi. Mtu aliyedanganya "ya mwisho hii" kila siku ya maisha yake alikuwa amegundua ukweli siku ambayo ukweli ulitugharimu filamu.

Alichapisha uso wa yule mama kutoka kwenye picha, akaanza kuzunguka nao Temeke: wauza mkaa, saluni, zahanati, kwa mafundi cherehani. Kazi ikimwishia mapema Mwenge au Mikocheni, anakwenda Temeke na karatasi yake. Niliongozana naye mara chache ili asipotee. Watu walimtazama, wakaitazama karatasi, wakafunga midomo, hata majirani wa ule msiba, waliokuwa hawatuamini tena. Wengine walidhani ni askari, wengine mume aliyekimbiwa. Mwenye genge mmoja, muuza nyanya, alimwuliza, "Amekufanyia nini?"

"Mie ndiye niliyemfanyia. Nilimliza."

"Basi kaa mbali naye, braza."

Miaka ikaenda hivyo. Kilichonifanya nimchukie dairekta hasa, kwa muda, ni jicho la Bi Mjane. Ana presha ya macho. La kulia limeshafunga. La kushoto, kwa maelezo yake, linaona kama mtu anayechungulia kwenye bomba, na bomba linazidi kuwa jembamba. Daktari alimwambia dawa ya matone itachelewesha tu, kilichopotea hakirudi. Alinipigia simu siku hiyo hiyo.

"Mie sitaki tuzo, wala sitaki gazeti," alisema. "Maisha yangu yote nimejiona pembeni na sufuria. Nataka nijione mara moja nikiwa katikati. Nikishapofuka atanionyesha nini, huyo? Anisimulie?"

Nilimfikishia dairekta maneno yale neno kwa neno. Kesho yake alikwenda Temeke na karatasi yake.

Mwaka huu Bi Mjane alichoka. Alipanga mwenyewe, hakushauriana na mtu. Alikwenda kumwomba yule mstaafu wa bandarini sebule, siku ya Alhamisi, baada ya alasiri, kisha akanituma.

"Mwambie aje na filamu. Ile yenye yule mama, asiniletee ile iliyokatwa. Asipokuja nayo, mwambie na kwenye msiba wangu asije."

Alikuja. Majirani walikuwa wamejaa hadi barazani, watoto dirishani, wote wanaukumbuka ule msiba.

"Dairekta, leo maiti yupo?"

"Leo tuje na vitunguu au?"

Mzee wa bandarini aliitikia shikamoo yake safari hii. Bi Mjane alikalishwa karibu na televisheni kiasi cha shubiri mbili, akageuza uso kidogo ili jicho la kushoto lipate nafasi. Filamu ikaanza. Alipotokea mara ya kwanza, akiwa anafagia uwanja, alitoa sauti ndogo. Tulikwenda hivyo hadi barazani, hadi majamvini, hadi mtandio wa zambarau ulipoingia mlangoni.

Dairekta akasimamisha picha. Akaenda kusimama mbele ya televisheni, mtu ambaye maisha yake yote amejificha nyuma ya friji za watu.

"Kabla sijaendelea," alisema. "Huyu mama simjui. Nilimkosea. Mnaomjua naomba mniambie."

Yule mama wa vitunguu, ambaye siku ile alikuwa uani, akasogea hadi karibu na kioo.

"He! Si mama vitumbua huyu? Alikuwa amepanga ng'ambo ya barabara."

"Unamjua?" dairekta aliuliza. "Nimepita hapa na picha yake mara ngapi!"

"Kwangu hukufika. Na nilisikia kuna askari anazunguka na karatasi, nikasema hayo hayanihusu."

"Yuko wapi?"

"Alihama. Lakini alikaa eda kwanza. Miezi minne na siku kumi, ndani, vitumbua tukakosa mtaa mzima. Sie tukajua kafiwa huko kwao. Ilipokwisha akaja kuniaga. Akasema mumewe alimwacha miaka, talaka hampi, habari haleti, kamweka kama kitu cha rehani. Sasa amejua kafa. Kulikuwa na mtu anamtaka siku nyingi, mtu mwema tu, wa Kibaha. Akaolewa. Ana mtoto sasa."

Sebule nzima ilimgeukia dairekta. Bi Mjane peke yake hakugeuka.

"Mie ndiye niliyemwambia mwaka wa nane," alisema, akiikabili ile picha iliyosimama.

Mzee wa bandarini alikohoa. "Lakini mtaa mzima ulicheka ule msiba wiki nzima. Hakusikia kwamba ni sinema?"

"Alikuwa ndani," alisema mama wa vitunguu. "Mie sikumwambia, sikujua kama unamhusu. Kama kuna aliyemwambia, au alisikia akanyamaza, hilo sijui." Akatoa simu. "Namba yake ninayo. Nimpigie?"

Miaka sita. Saluni zote, magenge yote, zahanati zote. Nilimtazama dairekta, nikamwona anayapima yale tuliyokuwa tunayapima wote: kwamba kumwambia yule mama ukweli ni kumrudisha kuwa mke wa mtu aliyemkimbia, akiwa na mtoto wa mwingine mikononi, na kwamba kutomwambia ni kuendelea na dakika zile saba.

"Ngoja kwanza," alisema.

"Ngoja mpaka lini?" nilifoka. Sikuweza kujizuia.

"Mdogo wangu," Bi Mjane alimwita dairekta, "mtajadiliana mkiwa wazima wa macho. Mie bado sijafika mwisho. Washa."

Aliwasha. Bi Mjane alijiona akishikwa mkono, akajiona akizuia kilio na kushindwa, uso wake umejaa kioo kizima. Aliangalia hadi mwisho bila kupepesa lile jicho moja. Picha ilipozimika alisema, "Nimejiona," akaomba maji.

Tulitoka na dairekta kwa miguu hadi barabarani. Nilitaka anieleze atafanya nini. Alisema atampigia mwenyewe, kisha akasema atakwenda Kibaha, kisha akasema pengine amtafute kwanza huyo Salum, kama yupo. Nikamwuliza atamtafuta Salum kwa picha ipi.

Hiyo ni miezi mitatu iliyopita. Kwa Bi Mjane bomba limezidi kuziba. Filamu haijatoka. Namba iko kwenye simu ya mama wa vitunguu, na hakuna aliyeipiga. Kama mama vitumbua alikaa eda yake akiamini, au alisikia mtaa ukicheka nje ya dirisha lake akaamua kuendelea nayo, hakuna hata mmoja wetu anayejua.